Neno la Mtoto Mbele ya Majaji

Liko swali ambalo akina mama wa Kibaha na Kisarawe huuliza kwa sauti ya chini, wakishamaliza kuuliza mambo ya kliniki. "Sista, yule mtu alihukumiwa miaka 30. Tukamshukuru Mungu, tukajua yamekwisha. Mbona mwaka wa nne tunamwona Maili Moja anakunywa soda?" Jibu la mitaani huwa moja, nalo hutoka upesi: amehonga.

Sisemi kwamba rushwa haipo. Lakini hukumu za rufaa zinasomwa hadharani na sababu zake huandikwa. Ukizisoma utakuta mara nyingi mtu ameachiwa kwa jambo lililofanyika, au lililosahaulika, katika siku za mwanzo kabisa: nyumbani, hospitalini, polisi, au siku ile mtoto aliposimama mbele ya hakimu. Mimi ni muuguzi, si mwanasheria. Hata hivyo, karatasi tunazojaza sisi hospitalini hufika mbele ya majaji, na maneno mnayosema ninyi nyumbani hufika huko pia. Kwa hiyo ni vema tujue majaji wanatazama nini.

Rufaa haimwoni mtoto

Shauri la kubaka au kulawiti likitokea Maneromango au Mzenga, kwa kawaida husikilizwa katika Mahakama ya Wilaya ya Kisarawe. Likitokea Mlandizi au Visiga, husikilizwa Kibaha, ambako pia ipo Mahakama ya Hakimu Mkazi ya Mkoa wa Pwani. Huko ndiko mtoto anakosimama, anakotetemeka, anakolia na anakojibu maswali. Mshtakiwa akitiwa hatiani, adhabu ni nzito. Tangu Sheria ya Makosa ya Kujamiiana ya mwaka 1998, mtu mzima aliyebaka hufungwa si chini ya miaka 30, na sheria ya sasa inampa kifungo cha maisha aliyembaka mtoto wa chini ya miaka 10.

Aliyefungwa ana haki ya kukata rufaa Mahakama Kuu, na akishindwa huko, kwenda Mahakama ya Rufani. Majaji wa huko hawamwiti mtoto tena. Wanasoma mwenendo wa shauri, yaani yale ambayo hakimu aliyaandika. Mahakama Kuu hupima upya ushahidi wote; Mahakama ya Rufani hutazama zaidi kama sheria ilifuatwa. Wote wawili humheshimu hakimu kwa kuwa yeye aliwaona mashahidi kwa macho yake, lakini hawawezi kuamini kisichoandikwa.

Sisi wauguzi tulifundishwa chuoni kwamba dawa ambayo haikuandikwa kwenye chati ya mgonjwa ni kama haikutolewa. Rufaa iko hivyo hivyo. Machozi ya mtoto hayamo kwenye karatasi. Maneno yake yamo.

PF3 siyo kesi

Akina mama wengi hudhani kwamba PF3, ile fomu ya polisi inayojazwa hospitalini, ndiyo kesi yenyewe. Huishika kama hati ya nyumba. La hasha! Katika Rufaa ya Jinai Namba 94 ya mwaka 1999, ambayo mahakimu wetu wanaifuata mpaka leo, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba ushahidi wa kweli wa kubakwa hutoka kwa yule aliyetendewa. Taarifa ya daktari inaweza kuonyesha kwamba aliingiliwa, hata kwamba ana michubuko. Lakini haiwezi kuonyesha kwamba mwanamke mtu mzima hakukubali, wala haitaji aliyetenda.

Kuna na jambo la pili. PF3 inaweza kuondolewa kabisa kwenye ushahidi. Mshtakiwa ana haki ya kuelezwa kwamba anaweza kuomba daktari aje aulizwe maswali, na fomu ikishapokelewa ni lazima isomwe kwa sauti mahakamani ili aisikie. Mambo hayo yasipofanyika, majaji wa rufaa huifuta kana kwamba haikuwahi kuwapo. Zipo kesi ambazo PF3 ilifutwa na kifungo kikabaki, kwa sababu maneno ya mtoto yalisimama yenyewe. Na zipo ambazo fomu ilikuwa safi kabisa, na mtu akaachiwa, kwa sababu maneno hayakutosha.

Hapa mama mwingine ataniuliza: "Sasa Sista, walikuwa wawili tu chumbani. Nani atamwamini mtoto bila shahidi?" Katika Torati jambo lilihitaji shahidi zaidi ya mmoja. Sheria ya Ushahidi ya Tanzania haihesabu mashahidi. Katika makosa haya inamruhusu hakimu kumtia mtu hatiani kwa neno la aliyetendewa peke yake, hata akiwa mtoto, iwapo hakimu ameridhika kwamba anasema kweli tupu, na ameandika sababu za kuridhika kwake. Hata hivyo Mahakama ya Rufani imeonya, katika Rufaa ya Jinai Namba 145 ya mwaka 2017, kwamba neno hilo halipokelewi kama Injili. Ni lazima lipimwe kama ni la kweli.

Basi kila kitu kinarudi kwenye neno la mtoto. Neno hilo lina maadui wawili, na wote wawili wanakaa nyumbani kwetu. Wa kwanza ni haya. Wa pili ni kimya.

Haya zetu

Tumewalea watoto wetu kwa adabu, na adabu ni jambo jema. Lakini mtoto wa miaka tisa akisimama mbele ya hakimu akasema, "Alinifanyia tabia mbaya," amesema nini? Kupiga ni tabia mbaya. Kushika kifua ni tabia mbaya. Sheria inataka kujua kama aliingiliwa, hata kwa kiasi kidogo tu, kwa kuwa hicho ndicho kinachotenganisha kubaka na makosa mengine ya aibu. Katika Rufaa ya Jinai Namba 170 ya mwaka 2006, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba haitoshi kusema kwa jumla kuwa mtu alibakwa. Lazima ielezwe kilichotokea. Ikaongeza kwamba ni wajibu wa mwendesha mashtaka na wa mahakama kuhakikisha shahidi anaeleza.

Nashukuru kwamba majaji wetu nao wamezaliwa na kulelewa hapa hapa. Baadaye, katika Rufaa ya Jinai Namba 103 ya mwaka 2012, walikubali kwamba mila zetu haziwaruhusu watu kutaja mambo haya waziwazi, na kwamba maneno ya mafumbo yanaweza kueleweka maana yake kufuatana na mazingira. Hiyo ni nafuu kubwa, lakini tusimpeleke mtoto mahakamani akiitegemea. Fumbo linaeleweka likiwa na maelezo mengine kandokando yake. Likiwa peke yake, mtu anaweza kuachiwa kwa ajili ya neno moja ambalo mtoto hakuwa nalo.

Kwa hiyo, mama, mpe mwanao majina. Mtoto wa miaka minne anajua sikio, goti na kitovu. Ajue pia uke, uume na sehemu ya haja kubwa. Mfundishe wakati wa kumwogesha, bila kucheka wala kunong'ona. Tukimficha majina, tunamfundisha kwamba viungo hivyo havisemwi, na mtu mwovu anategemea jambo hilo hilo.

Lakini shika na hili, kwani ndilo upande wa pili wa sarafu: mpe majina kabla, usimpe hadithi baada. Jambo likishatokea, usimwambie, "Sema alikuingiza ndani, sema ni mara tatu." Usimkaririshe kama anajiandaa kuimba kwaya. Wakili wa utetezi atamuuliza, "Nani alikufundisha kusema hivyo?" na mtoto, kwa kuwa ni mkweli, atajibu, "Mama." Muulize mara moja tu, kwa upole: "Nini kimetokea?" Kisha nyamaza usikilize. Shangazi, jirani na mzee wa kanisa wasimhoji tena kila mmoja kwa zamu. Kila anapohojiwa, maneno yanabadilika kidogo, na tofauti hizo zitakuja kuhesabiwa.

Ahadi ya kusema kweli

Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2016, mtoto asiyezidi miaka 14 anaweza kutoa ushahidi bila kiapo, ila ni lazima kwanza aahidi kusema kweli na kutosema uongo, na ahadi hiyo iandikwe. Ni jambo la dakika moja. Katika Rufaa ya Jinai Namba 168 ya mwaka 2018, iliyosikilizwa Bukoba, ahadi ya mtoto haikuonekana kwenye kumbukumbu. Ushahidi wake ukakosa nguvu, na mrufani akaachiwa. Yapo maamuzi ya baadaye yaliyolegeza kidogo, yakitazama zaidi kama mtoto alisema kweli. Lakini nani anataka kuiacha kesi ya mwanawe juu ya uzi mwembamba namna hiyo? Kabla ya siku ya ushahidi unaweza kumkumbusha mwendesha mashtaka kwa heshima: "Kaka, mtoto wangu ataahidi kwanza?" Na nyumbani mtoto ajue ahadi ni nini, na uongo ni nini.

Kimya chetu

Adui wa pili ni kimya. Aliyetenda mara nyingi si mgeni. Ni mjomba, ni baba mdogo, ni mwalimu wa tuisheni, ni mpangaji wa chumba cha uani, ni mtu tunayeimba naye kanisani. Ndipo kikao kinaitwa. Wazee wanakaa, faini inatajwa, mbuzi anatajwa, mama anaambiwa asivunje ukoo. Miezi miwili inapita. Baadaye ahadi zikivunjwa, mama anakimbilia polisi.

Majaji husoma tarehe. Upo msingi wa Mahakama ya Rufani uliochapishwa mwaka 2002, unaosema kwamba shahidi anayemtaja mtuhumiwa mapema iwezekanavyo anaaminika zaidi, na kwamba kuchelewa bila maelezo kunapaswa kuifanya mahakama ijiulize. Sikiliza vizuri: *bila maelezo*. Mtoto aliyetishiwa kisu ana maelezo. Mtoto aliyeambiwa, "Ukisema mama yako atakufa," ana maelezo. Maelezo hayo yatolewe polisi na yatolewe tena mahakamani. Lakini mama aliyejua tangu siku ya kwanza akakaa miezi miwili akingojea mbuzi, atamweleza nini hakimu? Mficha maradhi, kifo humuumbua.

Mwili nao hauvumilii kimya. Dawa za kuzuia maambukizi ya Virusi vya Ukimwi zinatakiwa zianze ndani ya saa 72, na zikianza mapema zaidi ndivyo inavyokuwa bora. Kwa binti aliyevunja ungo, kinga ya dharura ya mimba ina siku tano tu. Michubuko ya mtoto hupona upesi. Kikao cha ukoo cha wiki moja kinatosha kupoteza vyote vitatu.

Umri si wa kukisia

Binti wa chini ya miaka 18 hahitaji kuthibitisha kwamba hakukubali. Ridhaa yake haihesabiki kisheria, isipokuwa sheria ina masharti yake kwa aliyeolewa. Lakini umri huo lazima uthibitishwe mahakamani. Usipothibitishwa, nguzo ya kesi imeanguka. Katika Rufaa ya Jinai Namba 542 ya mwaka 2015, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba umri unaweza kuthibitishwa na mzazi, na ndugu, na daktari, na mtoto mwenyewe, au kwa cheti cha kuzaliwa. Kumbe wewe mama ni ushahidi! Sema tarehe na mwaka aliozaliwa, usiseme "ana kama kumi na mbili hivi". Tunza kadi ya kliniki, na cheti cha kuzaliwa kama kipo.

Huku kwetu Uzaramo binti akishachezwa na kutolewa nje huitwa mkubwa, na wapo wanaume wanaojitetea hivyo. Mahakama haihesabu ngoma. Inahesabu miaka.

Mama wa upande wa pili

Gazeti hili linasomwa pia na mama ambaye mwanawe ndiye aliyeshtakiwa. Nawe nina neno lako. Mshtakiwa hana kazi ya kuthibitisha kwamba hakutenda. Upande wa mashtaka ndio unaothibitisha, tena bila kuacha shaka ya msingi. Shaka ikibaki, ni yake. Kama inasemwa kwamba alitambuliwa usiku, msingi wa mwaka 1980 unataka ielezwe mwanga ulikuwa wa namna gani, umbali gani, kwa muda gani, na kama walijuana. Kama hati ya mashtaka inataja tarehe moja na mashahidi wanataja nyingine, bila hati kurekebishwa, hilo nalo lina uzito. Zipo pia tuhuma zilizozaliwa na ugomvi wa mpaka wa shamba. Miaka 30 ni maisha ya mtu. Isitolewe kwa kukisia.

Mwanao akitiwa hatiani, taarifa ya kusudio la kukata rufaa hutolewa ndani ya siku 10 tangu hukumu, na sababu za rufaa ndani ya siku 45, bila kuhesabu muda wa kungojea nakala za hukumu. Usimpelekee rushwa mtu yeyote. Na usiende kwa mama wa mtoto kumwomba amfiche shahidi. Hilo nalo ni kosa.

Wengi mnaikumbuka kesi ya mwanamuziki Nguza Viking, Babu Seya, na wanawe watatu. Mwaka 2004 wote wanne walihukumiwa kifungo cha maisha katika Mahakama ya Kisutu, kwa makosa dhidi ya watoto wa shule ya msingi. Mahakama Kuu ikaitupa rufaa yao mwaka 2005. Mwezi Februari 2010 Mahakama ya Rufani iliwaachia wawili katika wale wanawe, na ikawabakiza gerezani baba na mwanawe mmoja. Faili lilikuwa lile lile, lakini kila mshtakiwa alipimwa kwa ushahidi uliomhusu yeye. Wale wawili waliobaki walitoka Desemba 2017 kwa msamaha wa Rais, na Machi 2018 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu ikaamua kwamba baadhi ya haki zao katika kusikilizwa zilikuwa zimevunjwa. Wasichana waliokuwa darasani mwaka 2003 walikuwa wamekwisha kuwa watu wazima. Ushahidi uliokusanywa na kusikilizwa vibaya humwumiza kila mtu: aliyetendewa, aliyeshtakiwa, na mama zao wote.

Ya kufanya

1. Mpeleke mtoto hospitali siku hiyo hiyo. Kituo cha polisi kikiwa karibu zaidi, pitia Dawati la Jinsia na Watoto upewe PF3. Hospitali ikiwa karibu zaidi, anzia huko nao watakuelekeza. Tiba isingoje karatasi.

2. Usimwogeshe kwanza. Nguo alizovaa usizifue. Ziweke kwenye mfuko wa karatasi au bahasha ya kaki, si wa plastiki, kwani unyevu huziozesha. Mkabidhi polisi.

3. Andika kwenye daftari tarehe, saa, mahali, na maneno ya mtoto kama alivyoyasema yeye, pamoja na jina la mtu wa kwanza aliyeambiwa. Mtu huyo atahitajika kuwa shahidi.

4. Usimhamishie mtoto kwa bibi mkoani bila kumwambia mpelelezi. Kesi nyingi hufa kwa sababu shahidi hayupo.

5. Mahakamani, omba mtoto atumie Kiswahili chake. Tangu mwaka 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, na maneno yake yaandikwe kama yalivyotoka kinywani.

6. Usipojua pa kuanzia, simu ya huduma kwa mtoto ni 116, bila malipo.

Akiachiwa kwa rufaa

Neno la mwisho ni kwa mama ambaye kwake yamekwisha kutokea: aliyetiwa hatiani ameachiwa na Mahakama Kuu, naye yuko mtaani. Nenda ofisi ya mashtaka ya mkoa ukaulize hukumu inasemaje. Wewe huwezi kukata rufaa kwa jina lako, lakini Mkurugenzi wa Mashtaka anaweza kama ipo sababu ya kisheria. Wakati mwingine mahakama yenyewe huamuru kesi isikilizwe upya.

Kisha rudi nyumbani uongee na mwanao. Mweleze, kwa maneno ya umri wake, kwamba mtu kuachiwa kwa rufaa si lazima kuwe na maana kwamba majaji wamesema mtoto ni mwongo. Mara nyingi maana yake ni kwamba karatasi waliyoletewa haikutosha kumweka mtu gerezani miaka 30. Mtoto asipoambiwa hivyo atajijibu mwenyewe, na jibu atakalojipa litakuwa kwamba hakuna aliyemwamini. Wewe ulimwamini. Mwambie hivyo kwa sauti, asikie kutoka kinywani mwako.